Kihispania Kilikaa na Nani?

Mzungumzaji wa Kiswahili anayeanza kujifunza Kihispania hukutana mapema na neno hasta, na kama ana sikio jepesi atalitambua: ni hata yake mwenyewe. Hasta humaanisha "mpaka", lakini pia hutumika vile vile tunavyotumia hata tunaposema kwamba jambo fulani hata watoto wanalijua. Nasi zamani tulikuwa na maana zote mbili, kama wanavyojua wasomaji wa tenzi na hadithi za kale, ambamo mtu husafiri "tangu asubuhi hata jioni". Maneno hayo mawili yana asili moja, nayo ni hatta ya Kiarabu. Moja lilibaki Rasi ya Iberia, ambako dola za Kiislamu zilidumu, zikipanuka na kupungua, tangu mwaka 711 hadi Granada iliposalimu amri mwaka 1492. Jingine lilifika kwetu kwa njia ya Bahari ya Hindi.

Yapo mengine ya ukoo huo. Azúcar ni sukari, aceituna ni zeituni, na alcalde, jina ambalo Wahispania humwita meya, ni yule yule kadhi wetu aliyebadilishiwa kazi. Ila hayo hayanishangazi sana, kwa sababu sukari na zeituni ni bidhaa, na bidhaa husafiri na jina lake. Kadhi ni cheo, na cheo huja na utawala. Hata si bidhaa wala si cheo. Ni kiungo kidogo cha sarufi ambacho hakuna mfanyabiashara aliyewahi kukiuza, na ni nadra lugha kukopa kiungo cha namna hiyo isipokuwa pale ambapo watu wa lugha mbili wamekaa pamoja vizazi kadhaa, wakaoana, wakagombana na kudaiana. Ndiyo maana nisomapo habari za Kihispania cha mahali fulani, swali ninalotaka lijibiwe ni moja: kilikaa na nani, na kwa masharti gani? Swali la kama Kihispania hicho ni safi au kimeharibika, ambalo wengi huanza nalo, naliona halina faida, maana Kihispania cha Madrid chenyewe hushindwa kusema "mpaka" bila kutumia neno la Kiarabu.

Lazima niseme mapema kwamba si kila tofauti ya lahaja imetokana na lugha ngeni. Watu wanaokaribia milioni 500 huzungumza Kihispania kama lugha ya kwanza, na tofauti nyingi baina yao zilizaliwa Uhispania kwenyewe zikapanda meli. Meli za kwenda Amerika ziliondokea Sevilla, na baadaye Cádiz, katika jimbo la kusini la Andalucía, na sehemu kubwa ya walowezi wa mwanzo walikuwa watu wa huko. Kwa hiyo Amerika hutamka casa, yaani nyumba, na caza, yaani uwindaji, kwa namna moja, wakati Madrid huyatenganisha. Bandari zilizoendelea kutembelewa na misafara ya meli, kama Havana, Veracruz na Cartagena, zilichukua pia mazoea ya kusini ya kuimeza s ya mwisho wa silabi, ilhali miji ya nyanda za juu kama Mexico City, Bogotá na Quito iliishika s hiyo barabara. Nafsi ya pili ina historia ya aina hiyo hiyo. Vos, yaani "wewe", ambayo zamani ilikuwa ya heshima, ilichakaa na kuachwa huko Uhispania. Mexico na Lima, walikokaa makaimu wa mfalme, zilifuata mtindo mpya wa tú, lakini Río de la Plata, yaani upande wa Argentina na Uruguay, na Amerika ya Kati, zilizokuwa mbali na makao hayo, zimebaki na vos hadi leo. Hayo ni mambo ya umbali na njia za meli, na sina mengi ya kuyasemea hapa.

Ninachotaka kukaa nacho ni kijiji cha San Basilio de Palenque, umbali wa kilomita 50 hivi kusini-mashariki ya Cartagena, nchini Kolombia. Cartagena ilikuwa mojawapo ya bandari kuu ambako Waafrika waliokamatwa waliteremshwa na kuuzwa katika himaya ya Uhispania, na tangu mwanzo baadhi yao walitoroka wakaingia vinamasi na vilima vya nyuma ya mji, wakajenga maboma ya miti yaliyoitwa palenque. Wenyeji humtaja Benkos Biohó, aliyetoroka mwaka 1599 na kunyongwa Cartagena mwaka 1621, kuwa ndiye baba wa mapambano hayo. Wakubwa wa Cartagena walijaribu mara kwa mara kuyavunja maboma hayo kwa silaha. Hatimaye, kati ya mwaka 1713 na 1714, kwa usuluhishi wa Askofu Antonio María Cassiani, walikubali kuwaacha watu wa boma hili waishi kwa uhuru wao. Wakaishi humo, wakioana wenyewe kwa wenyewe, na wakiwa na lugha ambayo wao huiita lengua ri Palenge.

Karibu msamiati wote wa lugha hiyo ni wa Kihispania, lakini sikiliza inavyopangwa. Ng'ombe ni ngombe. Mtoto ni moná, ambalo ni mwana. Wakiwa wengi, ni ma ngombe na ma moná. Nyumba yangu ni posá mi, mmiliki akija nyuma ya kitu kama kwetu, wakati Mhispania hutanguliza mi casa. Mimi ni i, na sijui ni i sabé nu, kikanushi kikisubiri mpaka sentensi iishe. Nimekula ni i a kumé, nitakula ni i tan kumé, na yule mwenye mazoea ya kula husema i asé kumé. Hapa mtu anaweza kupata hamu ya kutangaza kwamba alama hizi za wakati, zinazokaa kati ya nafsi na kitenzi, ni Kibantu kitupu. Mimi sifiki huko, kwa kuwa krioli nyingi duniani, yaani lugha zilizozaliwa pale watu wa lugha mbalimbali walipokutanishwa, huzipanga hivyo hivyo, zikiwamo zile ambazo wazee wake hawakuwa Wabantu. Lakini ma haina ubishi. Ni kiambishi cha ngeli ya sita, kile kile cha mayai na magari, kilichong'oka kutoka kwenye nomino zake za Kikongo na kusimama peke yake, tayari kutangulia nomino yoyote ya Kihispania inayotaka wingi.

Nimejiuliza kwa nini katika viambishi vyote vya ngeli ni ma kilichopona. Naona jibu lake tunaweza kulisikia nyumbani. Ngeli nyingine zina masharti, lakini ma- hupokea wageni bila kuwauliza walikotoka: madaktari, mabosi, mameneja. Yawezekana kiambishi ambacho tayari kilikuwa na mlango mpana barani Afrika ndicho kilichokuwa rahisi kukitumia pale watu walipojikuta na maelfu ya nomino za kigeni mkononi na hawana muda wa kuzigawia ngeli. Hayo ni maoni yangu, na mwanaisimu wa kweli anaweza kuyapinga.

Jambo la ajabu zaidi ni kwamba maneno ya Kiafrika ya Palenque yanaelekea upande mmoja. Cartagena ilipokea watu kutoka Guinea ya Juu, kutoka pwani za Ghana na Benin za leo, kutoka Kongo na Angola, na mtu angetarajia mchanganyiko wa hayo yote. Wataalamu waliofuatilia asili ya maneno hayo, Armin Schwegler akiwa miongoni mwao, wanaelekeza kwenye Kikongo karibu peke yake. Mwaka 2016 uchunguzi wa vinasaba vya ukoo wa kiumeni uliwakuta wanaume wa Palenque wakishabihiana hasa na Wayombe wa Kongo, ambao wanazungumza mojawapo ya lahaja za Kikongo. Inaelekea kikundi kidogo cha waanzilishi kiliweka mtindo, na waliokuja baadaye, wa asili yoyote, wakaufuata. Katika nyimbo za maziko zinazoitwa lumbalú maneno ya Kikongo yaliendelea kuimbwa hata baada ya maana ya baadhi yake kuwatoka waimbaji.

Masharti yalipobadilika, lugha nayo ilitikisika. Katika karne ya 20 wanaume wa Palenque walitoka kwenda kufanya kazi za mashamba ya miwa, na wanawake walibeba mabeseni ya matunda na vitu vitamu kichwani kwenda kuuza Cartagena na Barranquilla, ambako walichekwa kwa namna walivyosema. Watu wa mjini hawakuitambua kuwa ni lugha nyingine. Waliiona ni Kihispania kibovu cha watu weusi. Wazazi wengi waliamua kwamba njia ya kuwanusuru watoto na aibu hiyo ni kutosema nao lugha hiyo, na nani atawalaumu? Heshima ilirudi kwa mlango usiotarajiwa wakati Antonio Cervantes, bondia anayejulikana kwa jina la Kid Pambelé, mzaliwa wa kijiji hicho, alipotwaa ubingwa wa dunia mwaka 1972. Kuanzia miaka ya 1980 lugha iliingizwa katika shule ya kijiji. Katiba ya Kolombia ya mwaka 1991 ilizipa lugha za makabila ya nchi hiyo hadhi rasmi katika maeneo yao. Na mwaka 2005 UNESCO iliutangaza utamaduni wa Palenque kuwa urithi wa binadamu wote. Sasa watalii hulipa ili wapige picha na wale wale wauza matunda.

Ukitaka kuona tofauti ambayo masharti huleta, linganisha na Buenos Aires. Hesabu ya watu ya mwaka 1778 ilionyesha kuwa karibu theluthi moja ya wakazi wa mji huo walikuwa Waafrika na wazao wao, wengi wao wakiwa wa asili ya Kongo na Angola. Watu wengi, kwa hiyo, kuliko waliowahi kuishi Palenque. Lakini waliishi wametawanyika ndani ya nyumba za mabwana, watoto wao wakikua katika Kihispania, na baadaye wakafunikwa na wimbi la wahamiaji kutoka Ulaya, Waitalia hasa, waliouachia mji ule lafudhi yao ya kupanda na kushuka. Kilichobaki cha Kibantu ni maneno tu. Milonga, jina la muziki na la ukumbi wa kuchezea tango, ni wingi wa mulonga katika Kimbundu, yaani maneno. Quilombo, ambalo kwao lilikuwa kambi, Buenos Aires ni fujo. Viambishi mi- na ki- vimo ndani yake vimeganda, na mtu wa Buenos Aires anayelalamika kwamba ofisi ni quilombo hana habari kwamba anatumia ngeli.

Katika milima ya Andes masharti yalikuwa mengine kabisa. Huko wenyeji hawakuhamishwa. Walibaki kwenye ardhi yao na lugha zao, Kiquechua na Kiaymara, na mamilioni yao walijifunza Kihispania ukubwani, kila kizazi upya, kutoka kwa watu waliowadharau. Lugha hizo mbili zina tabia moja ambayo Kihispania hakina: msemaji hulazimika kuonyesha katika kitenzi au kwa kiambishi kama jambo amelishuhudia mwenyewe au amelipata kwa wengine. Kwa watu waliozoea hivyo, kusema tu kwamba mvua ilinyesha bila kueleza umejuaje ni kuacha sentensi nusu. Basi walipohamia Kihispania walitafuta chombo cha kazi hiyo, wakachukua wakati uliopita wa mbali, había sido, ambao Uhispania hutumika kwa jambo lililotangulia jambo jingine, wakaupa kazi mpya.

Nililielewa hilo kwa sababu ya mwenzangu mmoja wa kazini kutoka La Paz, Bolivia. Tulikuwa tumekaa kula, akaonja chakula ambacho hakuwa amekitarajia kuwa na ladha, akasema: "¡Había sido rico!" Vitabu nilivyojifunzia vingeidai sentensi hiyo iwe na maana ya kwamba chakula kilikuwa kitamu hapo zamani, kabla ya tukio fulani. Aliposema vile, nilichosikia ni "Kumbe kitamu!", na nilipomuuliza aeleze, maelezo yake yalikuwa hayo hayo: hakujua, sasa amejua. Ndugu wa kumbe naye yuko. Mtu wa Andes akisimulia habari aliyoambiwa, huweka neno dice, "anasema", mwishoni mwa sentensi, bila ya kuwapo mtu yeyote anayesema: "está enfermo, dice". Sisi tungesema eti anaumwa. Mzungumzaji wa Madrid hana kumbe wala eti ya namna hii, naye hulazimika kuzunguka kwa maneno mengi, na sijawahi kumsikia mtu akimwambia kuwa lugha yake ina upungufu.

Kuna na mengine. "De mi mamá su casa", mama yangu nyumba yake, ni mpangilio wa Kiquechua uliovaa maneno ya Kihispania, na mtu wa mwambao wetu haoni ajabu yoyote ndani yake. Quito, mtu anayeomba chumvi kwa adabu husema "dame pasando la sal", muundo ambao mgeni kutoka Uhispania huuona kama kitendawili, lakini ndio adabu ya Kiquechua cha Ecuador iliyotafsiriwa, na hutumiwa pia na watu wa mjini ambao hawajui neno la Kiquechua. Hapo ndipo dharau huchagua kwa namna yake: muundo ambao matajiri wa Quito nao wanautumia haumvunjii mtu heshima, lakini vokali za Kiquechua zinamvunjia. Kiquechua kina vokali tatu, hivyo anayejifunza Kihispania akiwa mtu mzima huchanganya e na i, o na u, na katika Peru kasoro hiyo ina jina lake la kejeli, motoseo. Mwaka 2009 gazeti moja la Lima lilichapisha kwenye ukurasa wa mbele maandishi ya mkono ya Hilaria Supa, mbunge kutoka Cusco ambaye lugha yake ya kwanza ni Kiquechua, ili wasomaji wacheke tahajia yake. Kiquechua kilikuwa kimetangazwa lugha rasmi ya Peru mwaka 1975. Hakuna gazeti lililoonyesha jinsi wabunge wa Lima wanavyoandika Kiquechua.

Halafu kuna Salcedo, katika jimbo la Cotopaxi huko Ecuador, ambako mambo yalipinduliwa. Mwanaisimu Pieter Muysken alikuta hapo katika miaka ya 1970 lugha iitwayo Media Lengua, yaani nusu lugha, ambayo karibu mizizi yake yote ni ya Kihispania na karibu viambishi vyake vyote ni vya Kiquechua. "Unu faburta pidingabu binixuni": ninakuja kuomba fadhila. Pidi ni pedir, bini ni venir, na mikia yote iliyobaki ni ya Kiquechua, kitenzi kikuu kikiwa mwisho. (Ile ni ya mwisho ndiyo mimi, na kufanana kwake na ni yetu ni bahati tu.) Maelezo yanayokubalika ni kwamba wanaume wa vijiji hivi, waliokwenda Quito kufanya kazi na kurudi, hawakuwa tena watu wa shamba kabisa wala hawakukubaliwa kuwa watu wa mjini, wakajitengenezea lugha ya hapo katikati. Waliijua vizuri Kihispania na Kiquechua. Kwa hiyo hadithi ya kwamba watu huchanganya lugha kwa sababu hawazijui haiingii hapa.

Paraguay nitaipitia haraka, ingawa ndiyo nchi ambayo kila mtu huitaja kwanza. Tangu Asunción ilipoanzishwa mwaka 1537 wanaume wa Kihispania walikuwa wachache na wake zao walikuwa Waguarani, hivyo watoto, hata wale waliorithi mali na vyeo, walinyonya Kiguarani. Ndiyo maana huko lugha ya wenyeji ilibaki ya taifa zima, ikatumika kuficha mawasiliano katika Vita vya Chaco dhidi ya Bolivia, 1932 hadi 1935, na ikawa lugha rasmi pamoja na Kihispania katika Katiba ya mwaka 1992. Kihispania cha huko kimechukua vijineno vya Kiguarani kama na, inayolainisha amri, "vení na", ambayo ni "hebu njoo". Mchanganyiko wa lugha hizo mbili huitwa jopara, jina la mchuzi wa maharage na mahindi unaoliwa tarehe 1 Oktoba ili kuifukuza njaa ya mwaka.

Afrika yenyewe ina Kihispania chake, nacho bado kinajengwa. Guinea ya Ikweta, iliyopata uhuru tarehe 12 Oktoba 1968, ni nchi pekee huru ya Afrika kusini mwa Sahara ambayo Kihispania ni lugha yake rasmi, na wananchi wake karibu wote wana lugha ya Kibantu nyumbani: Kifang, Kibubi, Kindowe. Walikipata Kihispania kutoka kwa walimu, mapadri na maofisa wa Uhispania, kwa hiyo hawana vos ya Amerika. Lakini huchanganya heshima na mazoea kwa kusema "usted quieres", nafsi ya heshima na kitenzi cha kirafiki, na mtu anayekwenda mji wa Bata husema "voy en Bata" badala ya "voy a Bata". John Lipski na wengine walioandika kuhusu Kihispania hicho wameuona mtindo huu kila mahali nchini. Kwangu hauna fumbo: niko mjini na naenda mjini vina mjini ile ile, na kazi ya kutofautisha kukaa na kwenda imeachiwa kitenzi, jambo ambalo ni la kawaida katika lugha nyingi za Kibantu.

Mpaka sasa "voy en Bata" inaweza kuhesabiwa kuwa Kihispania cha wanafunzi, na walimu wanaweza kuendelea kuipigia mstari mwekundu. Lakini Malabo ni mji ambamo Mfang huoa Mbubi, na wazazi wa namna hiyo mara nyingi husema na watoto wao Kihispania. Akademia ya Kihispania ya nchi hiyo ilipokelewa mwaka 2016 katika jumuiya ya akademia za lugha hiyo, na mapema au baadaye itawajibika kuamua jambo ambalo wenzao wa Quito na La Paz wameshalikuta: watoto hao wa Malabo hawajifunzi Kihispania kutoka kwa lugha nyingine, ndicho chao cha kwanza, na en yao waliikuta kwa mama.